Rafu ya Chilopoda

Kwako dada,

Shikamoo. Mimi mdogo wako sijambo. Kile kikohozi cha mwezi uliopita kimeondoka chenyewe baada ya mimi kukataa dawa zote ulizonielekeza. Ninyi huko hamjambo? Mguu wa shemeji unaendeleaje? Wanangu wanasoma, au bado mnagombana nao kwa ajili ya simu? Na zaidi ya wote, Baba. Ujumbe wako wa mwisho ulisema anakula uji vizuri na anaushika mkono wa anayemlisha, ila maneno hayajarudi. Ujumbe huo nimeurudia mara nyingi.

Najua utashangaa kuona karatasi na mwandiko wangu wakati simu ipo. Sababu ninayo, na utaikuta mbele. Kwanza nikujibu ulichonituma.

Uliniagiza nimwangalie yule mwanamke anayesema ni mtoto wa Baba, kisha nikupe jibu moja: ni wetu, au si wetu. Alipokupigia hukumsikiliza. Ulimwambia kwamba mji huohuo anaoishi yuko mdogo wako ambaye kazi yake ni kutambua wadudu, basi aende akatambuliwe, halafu ukakata simu. Mimi ni mtu wa tandu, na tandu si mdudu, dada, lakini hilo nimekusamehe. Ukaniambia na mimi kwamba nikijibu si wetu, hatakanyaga mlango wako, Baba akiwa hai au akiwa maiti. Mwenyewe anataka jambo moja tu, kumwona Baba angali anapumua. Na daktari ametueleza wazi kwamba kiharusi kikirudi mara ya pili tusitegemee kitu. Kwa hiyo nimeifanya kazi hii kwa uangalifu, kama ninavyofanya nyingine, na ninakuandikia nilichokiona.

Alikuja siku ya kazi, kwa mlango wa nyuma wa makumbusho, ule wa kupokelea mizigo. Ni mwanamke mdogo wa umbo, umri wake ni kati ya wangu na wa mwanao wa kwanza. Ni fundi miwani. Ana meza yake kwenye baraza ya duka la dawa, yenye droo ya skrubu zisizoonekana kwa macho ya watu wa umri wetu. Alinisalimia kwa heshima, akasema umemwelekeza kwangu. Hakulia wala hakutaka kunikumbatia. Angenikumbatia ningemtoa maksi papo hapo.

Nilikuwa na kazi isiyosubiri, nikamkaribisha ghalani. Hujawahi kufika, basi nikueleze. Ni chumba kirefu kisicho na dirisha, rafu za chuma pande zote mbili, na juu ya rafu chupa za mdomo mpana zilizojaa spiriti, kila moja na mnyama wake. Kuna meza moja, hadubini moja, taa ya shingo ndefu, na mkuu wangu, yule tunayemwita Miwani Miwili kwa sababu huvaa moja machoni na nyingine utosini na huzitafuta zote mbili kutwa. Rafu yangu ni ya tandu. Watu wakisikia hivyo husogeza kiti nyuma. Yeye alisogea mbele, akaanza kusoma lebo.

Akauliza kwa nini lebo ziko ndani ya chupa, zimeloa pamoja na mnyama, badala ya kubandikwa nje. Nikamwambia za nje hubanduka, na zikibanduka hakuna anayejua ipi ilikuwa ya nani. Lebo bila mnyama ni takataka, na mnyama bila lebo naye hana faida kwa mtu. Kwa hiyo tunaandika kwa penseli, maana wino huyeyuka, tunaitumbukiza karatasi palepale alipo mwenyewe, tunafunga. Anakokwenda mnyama, lebo inakwenda naye, hata akiazimwa ng'ambo.

Kisha akaniuliza maana ya neno aliloliona kwenye karibu kila chupa, Chilopoda. Nilimsahihisha matamshi kwanza, maana ch yake hutamkwa k. Wengi hudhani maana yake ni miguu elfu, na hata vitabuni kosa hilo limo. Waliolichunguza wanasema limetoka kwenye maneno mawili ya Kiyunani, mdomo na mguu. Jozi ya kwanza ya miguu ya tandu haitembei. Imehamia mdomoni ikawa kibano chenye sumu, kwa hiyo tandu anapokuuma huwa amekuuma kwa miguu. Jongoo, pamoja na miguu yake mingi kuliko hiyo, hana kitu hicho, na ndiyo maana yeye yuko rafu nyingine.

Akauliza kama tandu anauma kwa ubaya. Nikamwambia anauma kwa njaa, ama kwa woga, ama kwa kulinda. Wako majike ambao hujizungusha kwenye mayai yao wakakaa hivyo mpaka yaanguliwe, hawali, hawatoki, na mtu akiwasogelea huwa wakali kwelikweli. Nilipokuwa nasema hayo nilikuwa nakuona wewe na kitanda cha Baba. Sikumwambia.

Lakini swali lililonikalisha kitako lilikuwa jingine. Alitaka kujua kwa nini chupa nyingine zina maelezo mistari mitatu minne, na nyingine, zile za rafu ya chini, zina neno hilo moja tu. Nikamweleza matumizi yake. Chilopoda si jina la tandu huyu wala yule. Ni jina la jamaa yote, wakubwa kwa wadogo, wa kwetu na wa mbali. Chupa ikiandikwa hilo peke yake, maana yake ni kwamba nyumba aliyotoka tumeijua, chumba bado. Pengine ni mtoto, na watoto wa tandu wanachanganya. Pengine amekatika miguu ya nyuma, na alama zote tunazozitafuta ziko hukohuko. Basi tunaandika tunachokijua, tunaacha nafasi chini yake, tunamweka rafuni pamoja na wenzake. Akauliza kama wa rafu ya chini wanaruhusiwa kukaa muda wote huo, bila jina kamili. Nikamwambia wengine niliwakuta humo, na spiriti wanayopata ni ileile ya wenzao.

Baada ya siku hiyo alirudi, na tena akarudi. Sasa nikueleze nilichokiona, bila kukipamba.

Masikio yamesimama kama ya Baba. Masikio kama hayo nimeyaona pia kwenye foleni ya benki. Anasema Baba alikuwa akifika kwao na lile sanduku la vifaa vya mizani, na siku ya kuondoka alikula amesimama. Wewe na mimi tunajua ni kweli, kwani Mama alimwambia kila safari kwamba kiti hakiumi. Lakini hilo angeweza kulisikia kwa yule mzee aliyezunguka na Baba kutengeneza mizani, na ni mzee huyohuyo aliyempa namba yako. Mzee alikwenda kwa huyu mwanamke kubadilisha vioo vya miwani, maneno yakaleta maneno, akamtajia fundi mwenzake aliyelala hawezi kusema. Kabla ya hapo alidhani Baba alikufa zamani. Mizani za betri zilipoingia, safari za Baba zilikwisha, na kwao hakuonekana tena. Kwetu tulifurahi kwamba Baba sasa analala nyumbani. Hesabu hiyo ya miaka inakubali, lakini inaweza kumkubali mtu yeyote wa umri wake.

Siku moja Miwani Miwili alikalia miwani yake, ile ya utosini, usiniulize kwa vipi. Yule mwanamke akaitengeneza palepale mezani pangu. Alipomaliza, aliisogeza karibu na sikio, akafumba jicho moja, akawa anaufungua na kuufunga mguu wa miwani taratibu, akisikiliza. Dada, unamkumbuka Baba anapogonga sahani ya mizani kwa ukucha, kisha anainamisha kichwa hivi mpaka sauti iishe? Nilijifanya natafuta penseli. Halafu nikajikumbusha kwamba kila fundi ana kichaa chake, na mafundi wanafanana.

Kipimo cha vinasaba kipo, na yeye amesema yuko tayari hata kesho. Majibu yake huchukua wiki kadhaa, na wiki hizo ndizo ambazo Baba hana. Mtu pekee ambaye angetujibu leo ni Baba mwenyewe, na yeye maneno yamemkimbia. Kwa hiyo nimefikishwa palepale ninapofikishwa na tandu asiye na miguu ya nyuma.

Nikueleze jambo moja la kazini ndipo uelewe jibu langu. Aliyekuwa na rafu hii kabla yangu alikuwa mtu wa kutopenda nafasi tupu. Kila chupa aliipa jina kamili, kwa mwandiko mzuri, hata pale alipokuwa anabahatisha. Kwa miaka mingi hakuna aliyezifungua chupa zake, kwani kila aliyepita aliona jina limekamilika, akaridhika. Nusu ya kazi yangu ni kuzifungua sasa. Miwani Miwili husema lebo fupi humfanya anayekuja aangalie tena, na lebo ya uongo humfumba macho. Wewe unataka nikuandikie si wetu. Nikiandika hivyo, utafunga mlango kwa nguvu, na hakuna atakayeangalia tena, kwa sababu wa kuangaliwa atakuwa ameshazikwa. Siwezi kuliandika. Wala siwezi kukuandikia ni wetu kabisa, kwa sababu sijui, na wewe ungenishika uongo kama unavyonishika siku zote.

Najua unayemlinda. Unamlinda Mama, na unaona kumpokea huyu ni kumfanya Mama aonekane mjinga kaburini. Hata mimi nilimkasirikia Baba, dada. Nilimkasirikia siku nzima, nikaosha chupa ambazo hazikuwa chafu, nikavunja mbili. Baadaye nikaona hasira hiyo ni ya Baba peke yake, nikamwachia huko aliko. Haimhusu huyu fundi miwani, ambaye alikaa mlangoni kwao akimngoja mtu yuleyule tuliyemngoja sisi.

Na hili nalo nikwambie wazi. Ninampenda. Nilijitahidi kutompenda, kwa sababu uliniagiza nimwangalie na si nimpende, lakini sasa siku asiyokuja naisikia.

Basi jibu langu ni la rafu ya chini. Nyumba nadhani naijua, chumba bado, na nimeacha nafasi chini yake. Nafasi hiyo ni yako kuijaza, si yangu, maana wewe ndiwe mkubwa na Baba yuko kwako. Ila hujamwona kwa macho. Umemsikia kwenye simu muda usiotosha kuchemsha maji.

Ndiyo maana sikupiga simu, dada, wala sikuitia barua hii posta. Sijawahi kutuma lebo peke yake.

Aliyekukabidhi bahasha hii sasa hivi, akakwambia tu kwamba ametumwa na mdogo wako, ndiye yeye. Humo ndani hajui nimeandika nini. Niliifunga mbele yake, na hakuuliza. Nilimwambia asiseme neno jingine, akupe, asubiri usome mpaka mwisho. Wazo la kumleta kwako ni langu, hakuniomba. Kama utakasirika, nikasirikie mimi, namba yangu unayo. Sikufuatana naye kwa makusudi. Ningekuja, ungenitazama mimi na kugombana na mimi, na yeye angerudi bila kuangaliwa.

Akikwambia lolote ukaona huwezi kumwamini, usimwamini. Sikuombi umwite ndugu. Nakuomba umpitishe mpaka chumbani, akae pale kwenye kiti cha kulishia uji, na Baba amshike mkono au asiushike. Sisi tutakuwa tumeangalia.

Msalimie sana shemeji, mwambie mguu asiulazimishe ngazi. Wanangu wabusu, hata wale wanaojiona wakubwa kubusiwa. Mchungaji wa uji wa Baba, yaani wewe, nakushukuru kila siku na sisemi inavyostahili. Salamu zangu kwa Baba sikuziandika humu. Nimempa huyo azibebe.

Wasalaam,

Mimi mdogo wako,
wa machupa.

Tena, dada: ameondoka huku alfajiri, na si mtu wa kuomba maji.