Kile Kipande cha Jikoni

Shosti Bronwen, uko? Nimetoka kikaoni Salford sasa hivi, kwa wale watu wa televisheni.

Si nilienda kuomba kuongoza tamthilia yao mpya? Prodyuza ni kijana mmoja anaitwa Tarquin. Chai sijaimaliza, akafungua kompyuta. "Tazama hii, mama. Tunatafuta mtu wa kututengenezea kitu kama hiki."

Bronwen. Ni kile kipande cha jikoni. CHANGU! Mjane anaosha kikombe, na wewe siku ile tunarekodi uko nje ya dirisha umeshikilia mwavuli juu ya kamera, mvua ya Bradford inakulowesha mpaka chupi!

Nikamwambia, "Hiyo kazi niliiongoza mimi."

Akacheka. Akaona mimi sicheki. "Acha! Nilidhani aliyeiongoza alishafariki."

ALISHAFARIKI. Ananiambia mimi, usoni kwangu!

Nikasema haya, basi kazi nimepata? Akaanza kujikunakuna. Eti wanataka damu changa. Eti labda nije siku mojamoja nimwelekeze mwongozaji wao jinsi nilivyofanya.

Nikamuuliza, "Huyo mwongozaji wenu ni nani?"

"Bado tunamtafuta."