Jani la Namele Bombani

Lonbwe, Kisiwa cha Pentekoste
11 Mei

Mpwa wangu Nesline,

Salamu. Mimi ni mzima, isipokuwa goti. Mama yako, dada yangu, ni mzima pia, na anauliza kama kikohozi chako kimekwisha. Viazi vikuu vilivyonusurika na kimbunga tumekwisha kuvila. Sasa tunakula magimbi.

Nakuandikia kwa sababu ya tangi. Lile shirika la Australia lilimaliza kulijenga kando ya kanisa mwezi uliopita. Mvua imelijaza hadi juu, nasi hatujanywa hata tone. Kwanza lilikuwa kosa la shirika. Gavin, msimamizi wao, alifunga bomba kwa utepe mwekundu. Nilimwuliza sababu.

"Mzee, ningefungua leo hii," alisema, "lakini wafadhili wanataka picha ya maji ya kwanza, na mpiga picha hajatoka Brisbane."

Mama yako alikuwa amesimama hapo na ndoo yake. "Basi ileteni hiyo picha tuinywe," akasema. Watu wakacheka. Gavin naye akacheka, asijue kwamba anachekwa yeye.

Utepe tungeukata. Lakini Jumatatu iliyopita walishuka maofisa wawili wa wizara yako. Walisema shirika halijatia sahihi hati ya kulikabidhi tangi kwa serikali, na kwamba kibao chenye jina la wafadhili hakitakiwi. Kisha wakampa Chifu Molban jani la namele, alama ya mwiko, naye, kwa heshima ya serikali, akalifunga bombani. Kufuli tungelivunja. Jani hakuna atakayeligusa mpaka aliyeliagiza aje mwenyewe kuliondoa, kwa kumwua nguruwe mwenye meno yaliyopinda duara.

Wanawake wanashuka tena korongoni kuchota maji. Njia ile ilibomolewa na kimbunga. Mama yako ana miaka sitini na minane.

Wewe unafanya kazi katika ofisi hiyo hiyo. Niambie ni nani aliyeagiza jani, nimwandikie.

Mjomba wako,
Leonas

Port Vila
2 Juni

Mjomba mpendwa,

Shikamoo. Kikohozi kimekwisha. Nimewatumia mchele na sabuni kwa meli; pole kwa goti.

Kuhusu tangi, naomba mvumilie. Mashirika haya huja na fedha zao, hujenga yanapotaka, kisha wananchi huona kwamba serikali haifanyi lolote. Mwaka jana shirika hilo hilo lilichimba choo katikati ya shamba la shule bila kumwuliza mtu. Lazima uwepo utaratibu. Ilionekana vyema tangi lisitumike mpaka makubaliano yakamilike. Waziri atakuja kulifungua tarehe 30 Julai, siku ya uhuru. Chemsheni maji.

Msalimie mama.

Mpwa wako,
Nesline

Lonbwe
10 Juni

Mpwa wangu,

Tu wazima, namshukuru Mungu. Sabuni imefika. Tufulie kwa maji gani, hukusema.

Unaandika "ilionekana vyema". Ilionekana na nani? Nilikufundisha tangu darasa la nne kumtaja mwenye kutenda.

Habari za choo usinipe. Najua Gavin ni mpumbavu, namwona kila siku. Sasa ameweka hema mbele ya tangi ili kibao chake kisibanduliwe. Wizara yako nayo imeleta mlinzi ili Gavin asipige picha. Mchana kutwa wanacheza karata pamoja, jioni wanakunywa kava pamoja, na wote wawili wanakunywa maji ya chupa yanayoletwa kwa meli kutoka Vila. Chupa tupu huwapa wanawake wakachotee korongoni, na hungoja washukuriwe. Nimefundisha miaka thelathini na sita, sijaona jambo linalotia kinyaa kama hili.

Nauliza mara ya pili: ni nani?

Mjomba wako,
Leonas

Lonbwe
12 Julai

Mpwa wangu,

Sina salamu ndefu. Jumatano mama yako alianguka korongoni, ndoo mkononi. Nyonga imevunjika. Wanaume sita walimbeba kwa machela hadi zahanati, na zahanati, kwa kuwa haina daktari, imemrudisha nyumbani.

Walipopita karibu na tangi, Gavin alikimbia na chupa yake: "Mama, kunywa, kunywa kidogo."

Mama yako aliisukuma. "Mwekee mpiga picha," akasema.

Swali langu ni lile lile.

Mjomba wako,
Leonas

Port Vila
19 Julai

Mjomba,

Shikamoo. Sistahili kuuliza hali ya mama, lakini nauliza.

Ni mimi. Kikaoni mkurugenzi alisema bomba lifungwe kwa kufuli. Nikacheka, nikamwambia, "Bosi, kwetu kufuli watalivunja kabla boti lenu halijaondoka. Wapelekeeni jani." Kikao kizima kilinipigia makofi. Wiki ile nilipandishwa cheo. Nilidhani zitakuwa wiki mbili tu.

Nimeomba ruhusa nije. Mkurugenzi anasema jani libaki mpaka waziri aliondoe mbele ya watu. Nikitangulia, nisirudi kazini. Naomba Chifu aliondoe kimyakimya, nami nitaleta nguruwe baadaye. Tafadhali, mama asijue.

Mpwa wako,
Nesline

Lonbwe
3 Agosti

Kwa Bi Nesline Bule,
Wizarani, Port Vila

Barua yako ilifika tarehe 24. Nilimsomea mama yako yote, kwa kuwa sijapata kumficha dada yangu jambo. Kisha akataka aletewe nguruwe wake, yule aliyemfuga miaka saba kwa ajili ya ndoa yako. Tulimbeba kwa machela hadi uwanjani.

"Mama, si wewe uliyeliagiza," Chifu akamwambia.

"Aliyeliagiza ametoka tumboni mwangu," akajibu. "Haya, tusikawie, watu wana kiu."

Alimgusa nguruwe kwa rungu, Chifu akampiga akafa. Jani likatoka. Wanawake walichota mpaka jioni.

Tarehe 30 waziri alikuja na kibao chake, shirika na kibao chake. Waliwakuta wanawake wakiosha magimbi bombani. Walibishana saa nzima, kisha wakapatana: bomba likafungwa, likazungushiwa utepe, ili lifunguliwe tena. Mama yako akapewa glasi aishike. Waziri alimwita bibi. Gavin alimwita mnufaika. Hati walitiliana sahihi hapo hapo, wakipeana mikono juu ya machela yake. Nilitoka nikaenda kutema mate. Vibao vyote viwili sasa vimepigiliwa tangini. Picha utaiona gazetini.

Hatatembea tena bila magongo. Nguruwe usilete; kazi yake imekwisha kufanywa.

Dada yangu ananiamuru niandike salamu zake. Anauliza kama huko Vila unapata maji safi ya kunywa.

Leonas Tabi,
Mwalimu Mstaafu