Kaka, Uliandika Makusudi

Kibarazani kwa Mama,
mkabala na geti la kiwanda cha parachichi.
Jumapili, mchana.

Mpendwa Kaka,

Hujambo? Nauliza kwa sababu ndivyo tulivyolelewa, salamu kwanza, ugomvi baadaye. Baridi ya huko imepungua? Na kile kikohozi kimekuachia? Nakutakia afya njema kabisa, maana nataka uisome barua hii ukiwa na nguvu zako zote.

Sisi wazima. Miguu ya Mama inamsumbua asubuhi, jua likipanda anaisahau na kuanza kutusumbua sisi. Cherehani yangu inakwenda, bado nashona aproni za wanawake wa kiwandani. Watoto wa Dada wanasoma. Dada mwenyewe yuko nyumbani. Mchana wa siku ya kazi unamkuta anafagia ua ambao ameshaufagia.

Unajua kwa nini, lakini naona umejitia hamnazo, basi nitakueleza tangu mwanzo.

Mwezi uliopita walikuja wageni wakubwa na vipaza sauti. Getini pakafungwa kitambaa kirefu kimeandikwa kwamba mauzo ya nje yameongezeka maradufu. Mkurugenzi akapanda jukwaani akatangaza kuwa uchumi wetu unapaa. Unapaa kweli, Kaka, maana sisi tuko chini tunautazama. Lami imetoka barabara kuu ikaja vizuri mpaka getini kwao, ikakata kona, ikaingia ndani. Hapa mbele ya cherehani yangu ni vumbi lile lile ulilolikimbia. Bomba la kuoshea matunda linatiririka kutwa nzima, la zahanati linakoroma tu.

Usiniambie sina shukrani. Hivi vyumba vya uani Dada kavijenga kwa parachichi, na wewe ulipanda ndege kwa parachichi hizo hizo. Sikatai biashara. Ninachokataa ni kwamba mambo yakienda vizuri ni uchumi, yakiharibika ni Dada.

Sasa nikukumbushe neno ulilolianzisha wewe mwenyewe, enzi zako ukiwa kiongozi wa ile meza ya kuchagulia. Ulichoka kupiga kelele za daraja la kwanza, daraja la pili, ukakata maneno. Tunda safi, la kwenda kwenye kontena: nje! Lenye kovu, la soko letu: ndani! Mikono ikazoea, masikio yakazoea. Ulipoondoka ukamwachia Dada meza, na neno ukamwachia. Likatoka kiwandani likaja mpaka humu nyumbani. Mwanawe wa mwisho akifeli hesabu anasema, "Mama, leo nimepata ndani." Mama naye ana vikombe vyake vya nje, haturuhusiwi kuvigusa mpaka urudi wewe.

Basi wameleta msimamizi mpya, kijana wa mjini, shati limenyooka, mikono mfukoni. Hata majina ya watu alikuwa hajayajua. Umeme ukakatika, jenereta ikagoma, na shehena moja ikalainika kwenye chumba cha baridi. Matunda yalikuwa yamo kwenye maboksi yake yale yale ya safari, yamefungwa, yamebandikwa karatasi zake. Yakatolewa yakapangwa kando ya mlango. Dada alikuwa zamu nyingine, hakuambiwa na mtu. Anaingia kazini, anamkuta bwana msimamizi amesimama pale, anayanyooshea kidole.

"Haya yote nje! Leo leo!"

Halafu huyoo, akaenda kunywa chai.

Yeye alimaanisha shimoni, nyuma ya uzio, kwenye taka. Dada akasikia kile ambacho meza nzima imekisikia miaka yote. Kontena lilikuwa limefungua mlango, linasubiri. Akawaita wapakizi, wakabeba mpaka la mwisho, wakafunga. Msimamizi aliporudi akakuta sakafu tupu, akafurahi, akamsifu kwa wepesi. Nilipohadithiwa nilicheka, nakwambia ukweli. Nilicheka mpaka nikajichoma sindano.

Kicheko kiliisha kontena lilipofika kwako. Wewe ndiye unayepokea mizigo hapo ghalani kwenu, wewe ndiye uliyefungua ule mlango. Harufu ilikuwa mbaya, naamini. Ulipandwa na hasira, nayo naamini. Lakini ukakaa chini ukaandika kwamba matunda mabovu yamepakiwa makusudi.

Makusudi, Kaka. Meneja aliisoma taarifa yako mbele ya meza nzima, na alipofika kwenye neno hilo akalirudia. Kwake yeye makusudi maana yake hujuma. Siku hiyo hiyo Dada akamwaga unga. Walimvua aproni getini, watu wanapita, ile niliyomtilia mfuko mrefu wa miwani. Miwani yake ilibaki humo, mpaka leo.

Alijaribu kujieleza. "Niliambiwa nje, nikapeleka nje." Msimamizi akajibu, "Nje si ndiyo hiyo, mlangoni?" Meneja akamtazama Dada kama mtu anayewachezea akili. Na wale wenzake wote wanaojua, wanaolitamka neno hilo kutwa, waliinamia buti zao. Siwalaumu sana, wana watoto. Msimamizi halijui neno, meneja halijui. Wewe unalijua. Kati ya watu wote wa dunia hii wewe ndiye mwenye nalo.

Nilikupigia simu. Ukaniambia nisubiri kwanza, kwamba huko wanakutazama kwa jicho la pembeni kwa sababu mzigo umetoka huku nyumbani, ukimtetea mtu watasema mmekula njama. Nimekuelewa. Nimekuelewa vizuri sana na bado nina hasira, angalia kalamu ilivyotoboa karatasi. Tangu hapo simu hupokei. Ndiyo maana naandika, na nitaipiga picha niitume, maana posta itafika wakati Dada ameshahukumiwa.

Alhamisi wakubwa wanakaa kikao. Neno hujuma likibaki, jina lake litazungushwa kwenye viwanda vyote vya njia hii, na hakuna atakayempa hata kazi ya kuosha makreti. Mikono yake haijui kazi nyingine. Mwenyewe amenikataza nisikuandikie. Anasema, "Mwache, naye ana kazi yake." Hilo ndilo lililonichoma kuliko yote. Huyu ndiye aliyekupa buti zake siku yako ya kwanza kiwandani, akashinda na kandambili kwenye sakafu ya maji, akiteleza na kukuchekea usione haya.

Sikuombi hela wala zawadi. Andika mistari michache kwa meneja kabla ya Alhamisi. Sema pale mezani nje maana yake kontena. Sema neno hilo ni lako. Sema aliyelisikia alitii alichoamriwa. Kama unaogopa, usiseme hata kuwa ni dada yako, sisi tutavumilia. Ulipoandika lile la kwanza hukuuliza mtu, na hili usiulize.

Shemeji anakusalimu, ingawa kwa shingo upande. Watoto wa Dada wanakusalimu sana, wao hawajui kitu. Fundi baiskeli wa jirani anauliza utarudi lini mmalizie ubishi wenu. Mungu akulinde na baridi, akufungulie milango, na akutie ujasiri kidogo hapo ulipopungukiwa.

Mama naye anakusalimu. Hatujamwambia nani aliandika, tumesema ni wakubwa tu wa huko. Sasa hivi yuko hapa pembeni yangu anapangusa vile vikombe vyako, kimoja kimoja, na kila anayepita anamwambia, "Mwanangu yuko nje." Alhamisi jioni nitajua nje yako ni ile ya kwenye kontena au ile ya shimoni.

Wako akupendaye hata kwa hasira hizi,
yule uliyemwita Kiwembe.