Babu Fadul Alivyotolewa Kwenye Kamati ya Shule

Mabrouka, Nyanya amenieleza leo yaliyompata babu Fadul hapa Kibra.

Mwaka wa 1951 wazazi walimpigia kura awe mwenyekiti wa kamati ya shule. Akakataa mwalimu wao afutwe kazi bila kosa. Mzungu wa ofisi ya elimu, aliyetaka mwalimu huyo afutwe, akamtoa babu kwa barua ya mistari miwili!

Babu akaenda kortini, amejaa matumaini. Hakimu akamuuliza, "Shule iko kwenye shamba la nani?"

"La serikali."

"Basi hata kamati ni ya serikali."

Mabrouka, ni hivyo tu! Kura za watu hazikutajwa kabisa.

Walipoitwa kuchagua kamati nyingine, hakuna mzazi aliyejitokeza. Babu mwenyewe alibaki nyumbani.