Supu ya Boga Iliyopoa

Jumapili, 4 Juni 1989
Sikwenda kanisani. Egbert alikuwa na homa tangu alfajiri, nikabaki naye. Daftari hili nimelitoa kwenye sanduku la kisomo cha watu wazima. Kurasa za mbele zimejaa herufi za wanafunzi wangu wazee, a e i o u, nyingine zimelala kama zina usingizi. Kurasa za nyuma tupu. Nitaandika huku. Mtu wa kumwambia sina.

Mwanangu ana miaka thelathini na miwili. Leo nimembeba peke yangu kutoka kitandani hadi kwenye mkeka uani. Peke yangu! Mimi Kokugonza mwenye magoti mabovu. Alirudi na mkewe kutoka Mwanza wakati wa Pasaka, na sasa ni wiki ya tatu mdomo wake una vidonda na utando mweupe hadi kooni. Redioni wanauita Ukimwi. Hapa Igurwa wanasema “ugonjwa ule”, halafu wanageuka kuitazama kahawa yangu iliyoanikwa, utadhani wamekuja kuikagua.

Nilimpikia ndizi kwa maharage. Nikazifunika kwa jani la mgomba, zikaja mbele yake zinafuka mvuke, kama anavyopenda. Akaonja. Machozi yakamtoka.

“Zimenoga, mama. Nimeshiba.”

Mwongo. Tangu mdogo hajui kudanganya.

Jumatatu, 5 Juni
Nina hasira.

Mkwe wangu Mukandekezi alikwenda zahanati, akarudi na ujuzi mpya. Ati muuguzi kamfundisha supu. Boga, papai bivu, karoti, kitunguu. Unachemsha, unaponda, unachuja. Ati huliwa moto au baridi, mtu apendavyo. Sawa. Boga ni chakula, sikusema kitu. Nikaendelea kugeuza kahawa.

Kuinua kichwa, namwona anaweka bakuli kwenye beseni la maji ya kisima. Anakoroga ili ipoe! Halafu akaenda kumlisha mwanangu chakula cha baridi, kijiko kwa kijiko, bila aibu.

Kwetu haifanyiki. Kwa mama yangu, mgeni akikuta chakula kimepoa, moto unawashwa upya hata kama mvua imelowesha kuni. Cha baridi ni cha mbwa, au cha mtu mnayemngoja aondoke. Nilimpokonya bakuli, nikaenda kulimwaga migombani. Nikamwambia hayo hayo, kwamba anangoja mwanangu aondoke. Kwamba kwao Rwanda labda ndivyo wanavyouguza. Hakujibu. Na mimi, nikiona mtu hajibu, ndipo ulimi unapopata mbio. Nikamuuliza kama na yule mtoto wao, aliyefariki mwaka jana ana miezi minane, naye alimlisha baridi.

Akasuuza bakuli, akalifunika. Alasiri alifunga kanga zake mbili, akaenda kwa baba yake mdogo Polikarpi, kule Bugene.

Sawa na aende.

Jumanne, 6 Juni
Egbert kauliza mkewe yuko wapi. Nimesema amekwenda kusalimia kwao. Akageukia ukutani. Hajala.

Jumatano, 7 Juni
Nimempa uji wa moto. Vijiko viwili, akaziba mdomo kwa mkono. Mchana nikajaribu tena, na maziwa. Hapana.

Jirani yangu Kemigisha kaleta mayai matatu. Kasimama kwenye kahawa, hakuingia ndani. Alisema bora yule mwanamke ameondoka, maana hao wa Rwanda waliokuja na mizigo kichwani hawana uchungu na watu wa hapa. Nikatikisa kichwa kukubali. Halafu nikakumbuka nani alikuwa anafua mashuka ya Egbert kila asubuhi tangu Pasaka. Si mimi. Si Kemigisha.

Leo nimeyafua mimi. Mgongo umekufa.

Alhamisi, 8 Juni
Nimejifanya mjuaji.

Nilikata boga nyuma ya nyumba, nikapata papai na karoti. Kupika boga nani atanifundisha? Nikachemsha, nikaponda. Nikaonja. Maji matupu, tamu tu, haina nguvu! Chakula gani hakina ndizi? Mgonjwa atasimama kwa papai? Nikamenya ndizi nne mbichi, nikazitia, nikaponda tena mpaka ikawa laini kabisa. Ya moto ilishuka kooni mwangu vizuri, nikajisifu mwenyewe pale jikoni. Halafu, kwa kuwa nilishaona moto unamuumiza Egbert, nikameza kiburi changu nikaliweka bakuli kwenye beseni.

Mtu aliyekula ndizi miaka sitini hakukumbuka kwamba ndizi ikipoa inakaza.

Nilipolitoa, kijiko kilisimama wima. Nikasema haidhuru, nikamlisha. Tonge likamkwama. Akakabwa, macho yakamtoka, nikaingiza kidole nikalitoa likiwa na damu. Damu ya kinywa cha mwanangu kwenye kidole changu, na mimi ndiye niliyemlisha.

Alipopata pumzi alisema taratibu:

“Mama, mwite. Yeye anajua.”

Nililia mbele yake. Sijawahi, hata baba yake alipofariki.

Ijumaa, 9 Juni
Maji, vijiko sita. Basi.

Jumamosi, 10 Juni
Kemigisha amekubali kukaa na Egbert. Ameingia ndani hatimaye, nimemshukuru. Nimepanda lori la kahawa, nimekaa juu ya magunia na mwavuli wangu, nikashuka njia panda, nikatembea kilichobaki. Njia nzima napanga maneno. Kisomo nimefundisha miaka tisa, maneno ya kuomba radhi sikuyapata.

Nilimkuta uani kwa Polikarpi anapukuchua maharage. Nilitaka kumwamkia mimi kwanza, mama mkwe kumwamkia mke wa mwanawe, ili ajue nimekuja vipi. Akaniwahi. Akapiga goti kwenye maganda yale, shikamoo mama. Ingekuwa heri anitukane.

Polikarpi ni mzee mpole, lakini hakunipa kiti upesi. Akasema anataka kusikia kutoka kinywani mwangu nilichomwambia binti yake kuhusu mtoto. Mbele ya watu wote wa nyumba. Nikarudia. Neno kwa neno, sikupunguza. Hayo maneno nikiwa na hasira yalitoka mepesi, leo kila moja nilikuwa nalisukuma. Nikasema nilikosea, mtoto hakufa kwa kulishwa vibaya, na kwamba Egbert ana siku ya tano hajala.

Kuku wanadonoa maharage, hakuna anayewafukuza.

Ndipo Mukandekezi akasema, bila kuniangalia:

“Sikumpa baridi kwa kumchoka, mama. Mwanzoni nilikuwa napuliza kila kijiko. Siku hizi pumzi inaniishia.”

Akasimama kwenda kufunga kanga zake. Polikarpi akanipa kiti, na pombe ya ndizi kidogo, nikainywa nikitazama chini.

Jumapili, 11 Juni
Sikwenda kanisani tena. Mchungaji atasema.

Leo mimi ndiye mwanafunzi. Naandika nisisahau. Boga lililokomaa, lile linalogomea kisu. Karoti mbili, kitunguu kimoja kidogo. Nyanya hapana, inachoma vidonda. Limau hapana. Pilipili hata usiifikirie. Chumvi ncha ya kidole. Vichemke hadi karoti ipondeke kwa mwiko bila kubishana. Ipua. Papai linaingia mwisho, moto ukiwa umeshatolewa, ndipo unaponda vyote na kuchuja kwa kitambaa safi. Ya wazima inabaki sufuriani ikiwa moto. Ya mgonjwa inakwenda kwenye beseni, na maji ya beseni yabadilishwe mara mbili.

Niliuliza na ndizi je. Alinitazama, nikaona anabana mdomo asicheke.

Egbert amekula vijiko kumi na kimoja. Nilihesabu. Kumi na kimoja! Baadaye akauliza mbona haina ndizi, leo kuna njaa Karagwe? Mukandekezi akacheka sana, na mimi nikacheka, halafu nikaenda jikoni kusimama kidogo.

Jumatano, 14 Juni
Siku ya nne anakula. Asubuhi na jioni, bakuli dogo.

Nimezoea. Ya kwangu naila moto, naikamulia pilipili. Mukandekezi ananishinda, anakunywa ikitoka motoni, inachemka bado! Egbert anamtania kwamba ulimi wake ni wa bati. Tumekaa uani watatu, na kahawa inanukia jua. Ningekuwa na akili ningeomba siku hii isiishe, lakini nilikuwa nafikiria mawingu.

Ijumaa, 16 Juni
Nilikwenda na Mukandekezi zahanati. Muuguzi ni msichana mdogo, anaongea kwa upole lakini hazunguki. Alisema supu haiponyi. Inamfanya asife na njaa na asiumie akila, hicho ndicho tunachoweza. Nikasema nimeelewa, na nimeelewa kweli.

Njiani tulipumzika mara nne. Nilidhani ananisubiri mimi na magoti yangu. Mara ya nne nilikuwa nimesimama, na yeye bado amekaa.

Jumanne, 20 Juni
Vijiko saba. Anasinzia kati ya kijiko na kijiko.

Mvua ya ghafla, na sasa ni kiangazi! Tumekimbiza kahawa ndani mimi na Kemigisha. Mukandekezi alibeba mkeka mmoja akakaa kizingitini. Nikamwambia acha, kaa na mumeo.

Alhamisi, 22 Juni
Vijiko vinne. Amezungumza kidogo kuhusu Mwanza, chumba chao cha kupanga, na mtoto. Alisema mtoto alikuwa na mikono yangu. Sikuwahi kumwona yule mtoto. Sikwenda Mwanza, nilisema kuna mavuno.

Nitalibeba hili.

Jumapili, 25 Juni
Jua kali tangu asubuhi. Kanisani wanaimba, nasikia hadi hapa. Leo nimepika mimi mwenyewe, tangu boga hadi kuchuja, Mukandekezi amelala kidogo. Sikukosea kitu. Nilimchotea Egbert nikaweka kwenye beseni. Nikachota ya mke wake kutoka motoni, anavyopenda, nikampelekea uani.

Alishukuru. Akatia kijiko kimoja mdomoni. Hakumeza. Alikaa nacho, mkono shavuni, nikaona shingo inakazana. Akameza. Machozi yakamjaa macho yote mawili. Akaliweka bakuli chini polepole, akalisogeza kwangu.

“Imenoga, mama,” akasema. “Nimeshiba.”

Sikumwambia afungue mdomo. Sikuuliza ni tangu lini. Nimechukua bakuli lake, nimekuja nalo huku nyuma, nimeliweka majini karibu na la Egbert. Nimesema nitarudi sasa hivi.

Nimekaa kwenye kinu na daftari magotini. Mabakuli mawili kwenye beseni moja. Namsikia akikohoa uani, na Egbert ndani anauliza kama supu iko tayari. Nimebadilisha maji mara moja. La Egbert limeshapoa. La Mukandekezi nimeligusa sasa hivi, bado ni la moto. Nakoroga ili ipoe.