Wanataka Asiye na Watu

Chikongola, Mtwara

Mama yangu,

Shikamoo. Kifua chako kinaendeleaje na baridi ya Tukuyu? Na mguu wa Baba umepata nafuu? Huku tunakula na kulala, ila moyo wangu hautulii, na sitaki kukuficha.

Unajua nauza mihogo ya kukaanga mlangoni pa banda la video. Siku hizi wanaonyesha picha za matajiri wanaowinda watu. Wanamchukua maskini kwa ahadi ya kazi, wanamshusha porini, wanamwambia kimbia. Ipo ya kwanza, ya pili na ya tatu, na pori ni lile lile, gari lile lile. Aliyeuawa katika ya kwanza karudi katika ya tatu kaota masharubu. Selemani, anayewatafsiria watazamaji kwa kipaza sauti, anasema, "Jamani, hapa ni ng'ambo ya Kilambo, pale kivukoni, wameshavuka Ruvuma." Na watu wanaamini.

Sasa sikia. Meli zimeadimika bandarini, vibarua vya kupakua vimekwisha, na Baba Neema kapata kazi kwa wazungu wawili waliopanga nyumba Shangani, huku huku mjini. Ni wawindaji, wanataka mtu wa kuwabebea mizigo huko huko ng'ambo ya Ruvuma. Mshahara ni mkubwa kuliko kazi yenyewe. Mama, tangu lini mbeba mizigo akalipwa hivyo?

Nikamfuata Selemani, nikamuuliza kama hayo ya Kilambo ni kweli. Akacheka sana. "Shemeji, Kiingereza chenyewe sikijui. Naangalia picha, natunga. Kilambo nimeitia mimi ili watu wapende."

Niliona aibu. Wakati wa chakula nikamweleza mume wangu, akacheka hadi akapaliwa na ugali. Nami nikacheka. Kisha akasema, kama anayesimulia jambo dogo tu, "Wao hata hawakuniuliza mengi. Wameuliza kama nina mke na ndugu."

"Ukasemaje?"

"Nikasema sina mtu. Mwenye watu kila mara anaomba ruhusa ya msiba. Nani atamwajiri?"

Niliumia, Mama. Miaka yote nampikia, leo mimi si mtu. Halafu hofu ikaja juu ya uchungu. Asubuhi nikambeba mdogo mgongoni, nikamshika Neema mkono, nikaenda Shangani. Kiswahili wanakijua, cha kuamrisha. Nikawaambia, "Huyu mnayemchukua ni mume wangu. Ana watoto, ana wakwe, ana ukoo mzima utakaomuulizia." Wakatazamana. Mmoja alicheka, mwenzake hakucheka. Kazi hawajamnyima. Wanaondoka Jumatatu ya kwanza ya mwezi ujao, na yeye hataki kunisikiliza. Anasema watoto watakula nini.

Kwa hiyo nakuomba, safari hii usiniandikie mimi. Mwandikie yeye, kwa jina lake lote, barua ipitie kwa hao waajiri wake wa Shangani. Msalimie Baba, naye aandike. Mjomba Anyosisye, kwa kuwa ni mwalimu, aandike kwa Kiingereza, aulize mkwe wetu anarudi lini. Shangazi asiyejua kuandika aandikiwe, atie dole gumba. Hata watoto wa kaka waandike. Barua zije nyingi, wachoke kuzipokea.

Ni mimi mwanao,
Mama Neema