Tandiko la Nyoka Sebuleni

Kaaga, Meru
6 Februari 1994

Mpendwa Mjomba Njuki,

Pokea salamu zangu na za mama. Habari za Kiambere na jua lake? Mama Wanjira wako amepona mguu? Sisi tunapumua, lakini nikisema tuko salama nitakuwa namdanganya Mungu.

Mjomba, Muthamia amemtoa mama nyumbani. Huyu mtoto wa mke mkubwa, ambaye baba akiugua hakumletea hata chungwa, mazishi yalipoisha tu alikuja na godoro lake. Sasa analala chumbani mwa mama. Nyumba ile mama aliijenga kwa cherehani, akishona sare za shule mpaka vidole vikapinda, na leo yeye ndiye analala jikoni na mbuzi. Mimi nimebaki na chumba changu cha usichana kwa sababu nilikataa kutoka. Wazee wa ukoo walikaa, wakala, wakasema tungoje mavuno. Mavuno gani? Muthamia ameshatamka mbele ya watu kwamba mwanamke wa Mbeere hana kwake Meru.

Sitaki wazee tena. Nataka akimbie mwenyewe, majirani wakimwona, na mama arudi kitandani kwake. Unajua jitu lile na ukubwa wake wote linaogopa nyoka hata wa kuchorwa kitabuni. Wewe uliwakamata miaka mingi kwa ajili ya watalii, na bado unawafuga. Nipe mmoja asiye na sumu nimweke sebuleni, kwenye lile sanduku la kioo la mikate lililobaki baba alipofunga duka. Niambie tu nimtandikie nini. Huku ni baridi, na sitaki afe kabla ya kazi.

Mpwa wako,
Karambu


Kiambere
20 Februari 1994

Mpwa wangu Karambu,

Hatujambo. Mama Wanjira anatembea vizuri na anawasalimu sana. Mvua hatujaiona, mbuzi wanakula karatasi.

Barua yako ilinifanya nitafute rungu. Dada yangu alale jikoni? Na mimi nina langu, sijalisahau. Siku ya kumzika baba yako, mimi shemeji yake, Muthamia alinipa chakula zizini nikiwa nimesimama, huku wachimba kaburi wamekalishwa vitini. Nilikula kwa kuheshimu msiba. Chakula kile hakijashuka mpaka leo.

Nakutumia jike mmoja kwa mkono wa Mutembei, dereva wa lori la makaa. Ni mfupi, mnene, ana madoa kama ya kifutu, lakini sumu hana hata kidogo. Panya mchanga mmoja kila baada ya wiki mbili unamtosha.

Sasa habari ya malazi. Huyu ni nyoka wa kujifukia. Mtandikie mchanga mkavu, kina cha kiganja. Kwa baridi yenu ya Meru, ukaange kwanza kwenye karai kama karanga, uache upoe kabisa. Upande mmoja weka chupa ya maji moto iliyofungwa kitambaa, upande wa pili uache baridi, achague mwenyewe. Udongo wa shamba lenu usimpe, unashika maji na utamwozesha tumbo. Maranda ya mbao usimwekee kabisa. Na kifuniko kifunge kwa waya.

Akikimbia huyo mtu nataka kujua alikimbia vipi. Usiniandikie kwa ufupi.

Mjomba wako,
Njuki


Kaaga
13 Machi 1994

Mpendwa Mjomba,

Natumai mko wazima na mvua imewakumbuka. Tafadhali maliza kusoma kabla ya kunikasirikia.

Nyoka alifika salama. Nilikaanga mchanga jikoni, mama akiniangalia. Akaniuliza, "Kwani siku hizi mnakula mchanga?" Nikautandika, nikamweka, na kabla sijafunga kifuniko alikuwa ameshazama. Sanduku zima ni mchanga tu! Nikasema, nyoka asiyeonekana atamtisha nani? Nikaumwaga nje.

Nikaenda kwa fundi wa samani, nikachukua maranda ya mwerezi. Huku kwetu ndiyo tunayowawekea kuku wanaolalia na ndiyo tunayotia kwenye masanduku ya nguo. Hayaingii kiroboto wala nondo, na nyumba yote inanukia. Niliona nampa kitu cha heshima. Na kweli alionekana vizuri.

Muthamia aliingia kutoka Kangeta anakonunua miraa. Alipiga ukemi, akapanda kiti. Mjomba, moyo wangu ulishiba! Lakini akakaa pale juu akimtazama, akimtazama, mpaka akaona hazidi urefu wa mwiko wa ugali. Akaanza kucheka. "Ndiye huyo? Soseji?" Siku hizi analeta marafiki zake, wanatafuna miraa mbele ya sanduku na kugonga kioo. Alikwenda mpaka jikoni kumwambia mama, "Karambu amekuletea mboga." Mama aliendelea kuchochea moto. Ningekuwa na panga mkononi saa hiyo, ungekuwa unaniandikia barua gerezani.

Halafu nyoka mwenyewe ni mgonjwa. Panya hamtaki. Anapumua mdomo wazi na puani anatoa mapovu. Nisaidie. Nisiposhinda hili, mama atafia jikoni.

Mpwa wako,
Karambu


Kiambere
19 Machi 1994

Karambu,

Salamu baadaye.

Kitu kinachoua nondo, ulidhani kitambembeleza nyoka? Harufu ile ya mwerezi unayoisifu ndiyo inayomchoma mapafu. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na wewe umemvunjia kiumbe ambaye hata guu hana. Nilikuandikia kwa wino mweusi, maranda usimwekee. Ulitaka nyoka au ulitaka pambo la sebule?

Toa hayo maranda leo. Osha sanduku kwa maji moto, lianike juani mpaka harufu iishe. Mutembei anakuletea gunia la mchanga wa kwetu, Mama Wanjira ameuchekecha mwenyewe. Ongeza joto, usimlazimishe kula, usimguseguse mpaka utakapomwona anapumua amefunga mdomo.

Unalalamika kwamba mchangani haonekani. Hebu jiulize, usiku ungemwogopa nyoka unayemwona, au yule uliyemwona jana?

Mjomba wako,
Njuki


Kaaga
8 Mei 1994

Mjomba wangu mpendwa,

Shikamoo, na shikamoo tena! Waambie Mama Wanjira na Mutembei Mungu awabariki. Nyoka amepona. Wiki tatu nzima nilimhudumia kama mzazi aliyejifungua, chupa ya moto asubuhi na jioni, na nilimfungia chumbani kwangu Muthamia asimguse. Alipomeza panya wake wa kwanza nililia, usimwambie mtu.

Ndipo nikarudisha sanduku sebuleni, na mchanga wenu. Muthamia akaja na wenzake kumwangalia soseji. Akainama. Akazunguka nyuma.

"Yuko wapi?"

"Yumo."

"Mbona simwoni?"

"Hata mimi simwoni," nikamwambia, nikaendelea kuchambua mchele.

Wale marafiki walikumbuka shughuli zao mmoja mmoja. Yeye akataka nimfukue, nikamwambia fukua wewe. Alichukua kijiti, akakisogeza mpaka kwenye mchanga, akakitupa. Siku hiyo alikung'uta mablanketi. Kesho yake alikung'uta viatu, makoti, hata kofia ya marehemu baba. Akawa anauliza asubuhi, anauliza jioni, "Yumo?" Nami namjibu, "Nadhani." Hilo neno, Mjomba! Nilikuwa nalilamba kama asali. Akaacha kitanda, akawa analala kwenye kiti amekunja miguu juu. Macho yakawa mekundu, na si ya miraa.

Jumamosi alikanyaga mkanda wa suruali yake mwenyewe gizani. Alitoka mbio na chupi, akapita kwa jirani zetu kina Kinoti, akapita kanisani kwaya ikifanya mazoezi, na waimbaji wote wakatoka nje kumtazama. Jumapili alituma mtu kuchukua godoro. Yuko Kangeta, amepanga chumba nyuma ya soko. Hayo ndiyo uliyotaka kujua, nimekuandikia kwa urefu.

Lakini furaha yangu ina mwiba. Mama amekataa kuingia. Nilimtandikia kitanda kwa shuka mpya, nikamshika mkono. Akafika kizingitini, akatazama sanduku, akarudi jikoni. Anasema, "Alinitoa mtu, sasa umeniwekea shetani. Nimebadilishiwa nini?" Kwa hiyo nyumba ni tupu, na mama bado analala na mbuzi. Nikimtoa nyoka, Muthamia atasikia, na kabla ya jioni atakuwa amerudi. Nifanye nini?

Mpwa wako,
Karambu


Kiambere
15 Mei 1994

Mpwa wangu,

Nimeisoma barua yako kwa sauti mbele ya wanaume wote sokoni, hasa hapo pa kwaya. Wamenifanya nirudie. Jioni nilikula nikiwa nimeketi, na chakula kilishuka.

Dada yangu usimlaumu. Tangu utoto, nikimkaribia na nyoka alipiga ukemi mpaka kuku wakatawanyika. Sikufikiria hilo, hasira ilinitangulia. Lakini hatukupigana vita hivi ili nyumba ikae mende.

Mutembei atapita Jumanne alfajiri. Mtie nyoka kwenye mfuko wa kitambaa, mfuko ndani ya debe lenye matundu, umpe kimya kimya. Mama yako ashuhudie akiondoka kwa macho yake, aamini. Majirani wasijue, hata Kinoti. Nyoka arudi, mchanga ubaki. Usawazishe kila asubuhi, na chupa ya moto usiache kubadilisha.

Mjomba wako,
Njuki


Kaaga
26 Juni 1994

Mpendwa Mjomba,

Mama anakusalimu kutoka kitandani kwake. Ameniambia niyaandike hayo maneno hivyo hivyo. Nyoka wetu yukoje? Mpe panya mnono kwa niaba yangu.

Mama alimtazama akitiwa debeni, akalisindikiza lori kwa macho mpaka kona, akaingia ndani na Biblia yake na mto. Wiki za kwanza alinung'unika kwamba kuweka sanduku tupu ni uongo, na mtu aliyeokoka hadanganyi. Nikamwambia mbona hatusemi kitu, tunapasha mchanga joto tu. Hakuridhika.

Leo tumetoka ibadani, Muthamia huyu hapa langoni na wazee wawili wa ukoo. Amekonda. Wazee wakasema mtoto wa kiume hawezi kupanga chumba na baba yake ameacha nyumba. Yeye hakuwa na habari na wazee, alikuwa anachungulia mlango. Akauliza, "Yule mnyama bado yumo?"

Nilifungua mdomo, Mjomba, lakini mama alinitangulia. Alikuwa amevaa kitambaa chake cheupe cha kanisani. Akaegemea lango, akamtazama machoni, yeye ambaye hakuwahi kumjibu hata neno moja.

"Amezaa," mama akasema.

"Wangapi?"

"Nani atajua? Wote wako mchangani. Karibuni ndani mnywe chai."

Mpwa wako,
Karambu